Gemu Iliyofika Bila Mashine Yake

Katika simu nyingi za vijana wa Kampala kuna faili la kandanda lenye jina refu kuliko la mwenye simu. Jina hilo hutaja msimu wa ligi unaoendelea, hutaja kamera ya PS5, na mara nyingi humalizia kwa Peter Drury, mtangazaji wa mpira ambaye sauti yake inajulikana kuanzia Makindye hadi Mombasa. Ukilifungua unawakuta wachezaji waliosajiliwa juzi, wamevaa jezi za mwaka huu. Kisha mpira unaanza, na mwenye jicho anaona kwamba beki hugeuka kama mlango wa bawaba moja, watazamaji jukwaani ni picha bapa zilizopangwa safu, na kipa huruka kwa mtindo uleule tangu dakika ya kwanza hadi ya tisini. Mwili huo ni wa Pro Evolution Soccer iliyotengenezwa kwa ajili ya PlayStation Portable, mashine ya mkononi ya Sony iliyozoeleka kwa herufi tatu, PSP. Toleo la mwisho la mfululizo huo kwa mashine hiyo lilikuwa la 2014, na mwaka huohuo Sony ikaacha kuitengeneza PSP yenyewe. Sura ni ya leo, mifupa ni ya zamani, na kinachobeba vyote viwili ni simu ambayo haikuwepo mifupa hiyo ilipoundwa.

Habari ya kucheza gemu za mkononi za zamani kwenye kifaa kipya husimuliwa kwa kawaida kama habari ya kumbukumbu. Mtu aliyekuwa na miaka kumi mwaka 1990 huko Osaka au Chicago amekua, ana kipato, na sasa anataka kurudi alikokuwa. Simulizi hiyo ni ya kweli huko ilikozaliwa. Ukiihamishia kwenye kilima kama Kibuli inapwaya, kwa sababu moja tu: hapa hakuna mahali pa kurudi. Walio wengi wanaocheza gemu za PSP hawakuwahi kuishika PSP. Kwao gemu haikurudi, ilifika, na ilifika mashine yake ikiwa imeshazikwa. Ninachodai ni kwamba historia ya gemu hizi Afrika Mashariki tutaikosea kila mara tukihesabu umri wake tangu siku zilipotoka kiwandani. Zihesabiwe tangu zilipoingia mkononi, na zisomwe kama tunavyosoma mitumba, wala si kama tunavyosoma makumbusho.

Kibuli iko kusini-mashariki mwa katikati ya jiji. Wengi wanaijua kwa msikiti, uliojengwa juu ya ardhi ya Mwanamfalme Badru Kakungulu. Jiwe la msingi liliwekwa 1941, na jengo likafunguliwa 1951. Sekondari ya Kibuli ilianza 1945. Kuna hospitali ya Waislamu, kuna chuo cha mafunzo ya polisi, na makao makuu ya upelelezi yako hapohapo. Taasisi hizo zinakifanya kilima kuwa cha watu wa kupita: wanafunzi wa bweni, makuruta, wauguzi wanaosoma, wapangaji wa chumba kimoja wanaoteremka asubuhi kwenda kwenye Eneo la Viwanda. Mtu wa namna hiyo hanunui kitu kinachohitaji meza, televisheni na soketi yake. Chochote atakachomiliki lazima kiingie mfukoni, na kikishaingia kifanye kazi zaidi ya moja. PSP, kwa uzuri wake wote, ilinunuliwa hasa kwa kazi moja.

Angalia ilivyotoka. Japani waliiona Desemba 2004, Marekani Machi 2005 kwa dola 249, Ulaya Septemba mwaka huohuo. Gemu zake zilikaa kwenye visahani vidogo vya mwanga vilivyofungwa ndani ya plastiki, kila kimoja kikiuzwa peke yake kwa makumi ya dola. Uganda ya 2005 na 2006 ilikuwa kwenye ukame uliopunguza maji ya Ziwa Victoria, na Kampala iligawiwa umeme kwa zamu. Leo upande huu wa mtaa, kesho upande ule. Mashine inayomaliza betri kwa saa chache, inayolishwa visahani vya bei ya kodi ya chumba, haikuwa na nafasi hapa, na sidhani kama kuna aliyeketi Tokyo akaifikiria nafasi hiyo. Zipo zilizofika, kwenye masanduku ya ndugu waliotoka Dubai au London. Kitu kinachofika kwa sanduku la mjomba huwa mali ya nyumba moja. Mtaa haukigusi.

Lakini mkono wa mtaa haukuwa mtupu. Kabla ya simu kulikuwa na kile kidude cha plastiki cha Kichina chenye kioo cha kijivu na matofali yanayodondoka, kilichojitangaza kuwa na gemu 9999 ndani yake. Ukizihesabu vizuri zilikuwa chache tu, zikibadilishwa kasi na mahali pa kuanzia. Halafu zikaja simu. Celtel ilifungua huduma Uganda mwaka 1995, MTN ikafuata 1998, na pamoja nazo akaja nyoka wa Nokia. Nyoka huyo alikuwa ametokea kwanza 1997 kwenye modeli ya 6110. Walio wengi hapa walikutana naye kwenye 3310 na baadaye 1100, ile yenye tochi. Kwa kidude na kwa nyoka, gemu na mashine vilikuwa kitu kimoja. Gemu haikutoka, haikuongezwa, na simu ikianguka kwenye beseni la maji ya kufulia, nyoka alizama pamoja na rekodi zote za familia. Mgawanyiko wa kwanza ulikuja na simu za Java. Hapo gemu ilikuwa faili, mara nyingi lenye uzito usiofika megabaiti moja, na faili linaweza kurushwa kwa Bluetooth watu wawili wakiwa wamekaa kwenye benchi moja. Nadhani hapa ndipo historia ninayoizungumzia ilipoanza hasa, kabla hata ya simu janja: siku watu walipogundua kwamba gemu inaweza kuhama simu bila simu kuhama mtu.

Watengenezaji wakubwa nao walikuwa na njia yao ya kuhamisha, na inafaa kuitazama kwa karibu, maana uzuri wake ndio unaoonyesha ilimlenga nani. Nintendo ilitoa Game Boy mwaka 1989 na Game Boy Advance mwaka 2001. Mafundi wake walitaka kaseti za kwanza zichezwe kwenye mashine ya pili, nao hawakuifundisha mashine mpya lugha ya zamani. Waliitia mashine ya zamani ndani ya mpya. Kando ya kichakataji kipya kuna kile cha biti 8 cha ukoo wa Game Boy, kimelala. Kaseti ya zamani ikisukumwa tunduni, umbo lake hubonyeza kiswichi kidogo kilichojificha pembeni. Kaseti mpya imekatwa hapo, haikigusi. Kiswichi kikibonyezwa, umeme wa tunduni hupanda kutoka volti 3.3 hadi 5, kichakataji kipya hukaa kimya, na kile cha zamani huamka kama kwamba miaka kumi na miwili haikupita. Picha huja ndogo katikati ya kioo kipana. Ukibonyeza vitufe vya mabegani huvutwa ijaze nafasi. Kazi safi kabisa. Lakini haikudumu: Nintendo DS ya 2004 ilipokea kaseti za Advance tu, na DSi ya 2008 ikaliziba tundu lenyewe. Kwa upande wa Sony, mrithi wa PSP, Vita ya 2011, hakuwa na mahali pa kuweka kisahani. Mwenye visahani vyake alielekezwa dukani mtandaoni anunue tena, duka ambalo halikuwafungulia akaunti watu wa nchi nyingi za Afrika, Uganda ikiwemo.

Kiswichi kile kina dhana ndani yake. Kinachukulia kwamba nyumbani kwako kuna sanduku la kaseti za zamani, na kwamba unachoomba ni zisitupwe. Duka la mtandaoni linachukulia kwamba una kadi ya benki na anwani katika nchi iliyomo kwenye orodha. Kibuli haikuwa na sanduku wala anwani. Ndiyo maana daraja lililoifikia halikujengwa na watengenezaji. Novemba 2012 Henrik Rydgård alitoa emuleta iitwayo PPSSPP, programu ya bure inayoifanya simu ya Android ijifanye PSP. Haihitaji hata kipande cha programu ya Sony, kwa kuwa kazi za mfumo wa PSP zimeandikwa upya ndani yake: gemu inapouliza, "nifungulie faili hili, nichoree pembetatu hii," emuleta ndiyo inayoitika kwa niaba ya mashine isiyokuwepo. PSP ilikuwa na kumbukumbu ya megabaiti 32 na kichakataji cha megahezi 333. Simu za bei nafuu zilizotapakaa Kampala miaka michache baadaye, Tecno, itel na Infinix, zilikuwa na gigabaiti moja na viini vinne. Kitu kilichokuwa anasa ya dola 249 kilikuwa kimekuwa mzigo mwepesi kwa simu ambayo mtu ameshainunua kwa sababu nyingine kabisa: kupokea pesa, kuzungumza na mama kijijini, kutazama mechi.

Bado gemu yenyewe ilipaswa kufika, na njia iliyopita inaeleza mengi. Kisahani cha PSP kilibeba hadi gigabaiti 1.8. Kwa bando, huo ni mzigo. Julai 2018 serikali ilianza kutoza shilingi 200 kwa siku kwa kila anayetumia mitandao ya kijamii. Julai 2021 ikaiondoa kodi hiyo na kuweka asilimia 12 juu ya bei ya data. Kila kodi ya namna hiyo ilifanya kadi ndogo ya memori kuwa barabara bora kuliko anga. Mmoja anapakua, wengi wananakili: kwa programu ya kurushiana mafaili iitwayo Xender, kwa kebo, au kwenye vile vibanda vinavyojaza filamu na nyimbo kwenye flashi. Mafaili hubanwa kwanza, video za utangulizi huondolewa, lugha zisizotumika hukatwa, hadi gemu iliyojaa kisahani ikae kwenye mia kadhaa za megabaiti. Anayebana hivyo anafanya kazi ya mhariri bila kuitwa mhariri. Ameamua kipi katika gemu hiyo ni nyama na kipi ni mfupa.

Hapa ndipo ninaposema neno mtumba, na silisemi kwa dharau. Shati la mtumba haliingii soko la Owino kama kumbukumbu ya Mjerumani aliyelivaa. Linapimwa upya, linapunguzwa kiuno, linabadilishwa vifungo, na siku linapovaliwa Kibuli linakuwa jipya kwa hesabu ya anayelivaa. Gemu ya PSP ilipita cherehani hiyohiyo. Kandanda ya 2014 ikifumuliwa na kuingizwa majina ya wachezaji wa leo, wanaofanya hivyo hawaihifadhi. Mtunza makumbusho angepiga kelele. Wanaivaa. Kampala ina mfano wake wa karibu zaidi, nao ni VJ. Katika vibanda vya video vya mji huu, filamu ya Hong Kong au Hollywood iliyotengenezwa miaka mingi nyuma ilizungumzwa upya kwa Kiluganda na watu kama VJ Jingo, ambao hawakutafsiri tu. Walimpa mhusika jina la mtaani, wakamcheka, wakaeleza bei ya gari lake kwa shilingi. Filamu ilibaki ileile na ikawa nyingine. Faili la kandanda lenye jina refu ni kazi ya aina hiyo, isipokuwa aliyelishona anaweza kuwa mtu wa Indonesia au Brazili, na Kibuli imelipokea kutoka kwake bila kuonana.

Atakayeona ajabu kwamba gemu inaweza kuachana na mashine yake aangalie ubao wa omweso. Una mashimo 32, safu nne za manane, na kete 64. Bao la pwani lina mashimo 32 vilevile, safu nne za manane, na kete 64. Mganda hupanga kete zake zote kabla ya kuanza. Mtu wa Zanzibar hubakiza nyingi mkononi, akanamua kwanza ndipo aingie mtaji, na analo shimo liitwalo nyumba ambalo omweso haulijui. Ubao mmoja, kanuni mbili. Na ubao ukikosekana, mashimo huchimbwa ardhini na mawe hutosha. Sisemi kwamba kijana wa emuleta anawaza omweso. Ninasema kwamba katika eneo hili gemu iliyofungwa ndani ya kifaa kimoja, kiasi kwamba kikifa inakufa, ndiyo ngeni. Nyoka wa Nokia ndiye aliyekuwa kioja, kwa kipimo hicho.

Pingamizi la kwanza ni kwamba ninaikana kumbukumbu mahali ilipo. Je, hakuna watu wa Kampala wanaomtamani yule nyoka? Wapo. Mwaka 2017 HMD ilipotoa Nokia 3310 upya, ikiwa na nyoka aliyetengenezwa upya na Gameloft, ilijua inauza nini na kwa nani. Tena kuna J2ME Loader, programu ya Android inayofungua yale mafaili ya Java, na anayeitafuta kwa hakika anatafuta kitu alichowahi kukishika. Hilo nalikubali lote. Lakini linaimarisha hoja yangu. Kumbukumbu ya Kampala inaangukia kwenye simu za tochi na za Java, yaani vitu vilivyofika kwa wakati wake. PSP haimo katika kumbukumbu hiyo, na bado gemu zake ndizo zinazochezwa. Kama kumbukumbu ingekuwa ndiyo injini, mizani ingeelemea upande wa nyoka.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: huu ni wizi. Sheria ya hakimiliki ya Uganda ya 2006 inalinda programu za kompyuta, na faili linalozunguka kwa Xender halikulipiwa. Nisijifiche: kwa sehemu kubwa ni kweli. Emuleta yenyewe ni jambo jingine. Mahakama ya rufaa ya Marekani mwaka 2000, katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix, ilikubali kwamba kuichunguza mashine ili kuandika programu inayofanya kazi yake ni matumizi halali. Lakini kunakili gemu ya mtu ni kunakili gemu ya mtu. Ninachokataa ni hatua inayofuata, ile ya kusema kwamba kila nakala Kibuli ni mauzo yaliyopotea. Mauzo hayapotei pasipo na duka. Utafiti uliotolewa 2023 na Video Game History Foundation uliona kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotolewa Marekani kabla ya 2010 hazipatikani tena sokoni, na hiyo ni Marekani yenyewe. Machi 2023 Nintendo ilifunga duka la mtandaoni la mashine yake ya 3DS, na mamia ya gemu zikakosa mlango halali siku hiyohiyo. Mtu anayeuza leo anaweza kudai anaibiwa leo: ndiyo maana Machi 2024 waliotengeneza Yuzu, emuleta ya mashine ya Nintendo iliyokuwa bado madukani, walikubali kulipa dola milioni 2.4. PSP ni kisa kingine. Hata Apple, iliyozuia emuleta kwa miaka mingi, ilizifungulia mlango Aprili 2024, na PPSSPP ikaingia dukani kwake mwezi uliofuata. Kwa kijana wa Android, miaka kumi na zaidi baada ya kuizoea, hiyo ilikuwa habari ya majirani.

Kuna wanaosema kwamba hata hivyo anachocheza si gemu ile. Vitufe ni vivuli juu ya kioo. Kidole gumba kinafunika winga anayekimbia. Kile kifimbo kidogo cha kushoto, ambacho PSP ilikijengea ustadi wake, hakipo. Hapa ninakubali kwa moyo mzito kidogo, maana gemu za mapigano hupoteza kitu kisichorudi: mkono haujui kitufe kiko wapi bila jicho kutazama. Kwa upande mwingine kioo cha simu ni kikali kuliko kile cha PSP cha nukta 480 kwa 272, na emuleta huchora upya pembe zilezile kwa ukali mara mbili au tatu, kiasi kwamba kijana wa leo anaiona gemu kwa usafi ambao waliolipa dola 249 hawakuuona. Anaweza pia kusimamisha mchezo katikati ya penalti, akahifadhi, akaenda kupokea abiria wa boda, akarudi mpira ukiwa angani. Gemu imebadilika, sawa. Shati la mtumba nalo limepunguzwa kiuno.

Jambo moja ambalo wengi hudhani limepotea, na halikupotea, ni kucheza wawili. PSP ziliweza kuonana zenyewe kwa zenyewe bila intaneti. PPSSPP iliuiga uwezo huo, na namna unavyotumika ni kama somo dogo la mitandao lisilo na mwalimu. Wa kwanza anawasha hotspoti ya simu yake. Data haihitajiki, bando linaweza kuwa sifuri. Ndani ya emuleta anaruhusu simu yake iwe seva. Wa pili anajiunga na hotspoti hiyo, anafungua mipangilio, na mahali palipoandikwa anwani ya seva anachapa 192.168.43.1, namba ambayo simu nyingi za Android za miaka ile hujipa zenyewe zinapogawa mtandao. Nukta moja ikikosewa, simu hazionani. Namba ikiwa sahihi, Arsenal na Manchester United wanakutana, kila mmoja na kioo chake, bila shilingi kwenda kwa kampuni yoyote ya simu. Kumbuka kilima chenyewe: mabweni, vyumba vya kupanga, zamu za usiku hospitalini. Mchezo wa wawili unaohitaji umbali wa vitanda viwili tu, na hauhitaji mtandao, umeshonewa maisha hayo kuliko ulivyoshonewa treni za Tokyo.

Linabaki pingamizi ambalo naliona kuwa gumu kuliko yote, kwa sababu halina kosa la hoja, lina subira tu. Linasema: hili ni daraja la umaskini, litapita. Simu zinazidi kuwa na nguvu, gemu mpya za bure zipo, Free Fire na eFootball zinapakuliwa na kila mtu. Kesho nani atahangaika na mifupa ya 2014? Sehemu ya jibu ni kwamba gemu hizo mpya ni za bure mlangoni tu. Zinataka mtandao muda wote, zinajisasisha kwa mamia ya megabaiti bila kuuliza, na ukikosa bando huna gemu. Ile ya PSP imekamilika. Haidai chochote baada ya kufika. Sehemu nyingine ya jibu sina haja ya kuipamba: inawezekana kabisa itapita. Mitumba nayo inaweza kupita. Haitakuwa sababu ya kusema haikuwa nguo. Mwanahistoria atakayekuja kuandika Kampala ya miaka ya 2010 na 2020 ilicheza nini, akienda kwenye orodha za mauzo, atakuta PSP haikuwepo. Hatakuwa amekosea takwimu. Atakuwa ameuliza swali kuhusu mashine, wakati jibu lilikuwa kwenye mafaili.

Na mafaili hayo yana tabia yake ya kuhama. Emuleta huunda kwenye simu folda iitwayo PSP, na ndani yake nyingine iitwayo SAVEDATA, ambamo hukaa ligi iliyochezwa nusu, timu iliyojengwa kwa misimu saba, kombe lililokosekana kwa penalti. Android ilipokaza kanuni za kuhifadhi mafaili, PPSSPP ya mwaka 2021 ilianza kumwomba mtumiaji aioneshe folda hiyo upya, na kwa siku kadhaa wengi walidhani ligi zao zimefutika. Hazikufutika. Fundi wa simu anapohamisha vitu vya mteja kutoka Tecno iliyopasuka kioo kwenda Infinix iliyotoka dukani jana, folda hiyo huvuka pamoja na picha za harusi na namba za watu. Ukiifungua kwenye simu mpya na kutazama tarehe zake, utakuta timu iliyoanza kuhifadhiwa simu tatu zilizopita, kocha bado yuleyule.